Halima wa jikoni: wapishi na maboyi kutoka Ujiji hadi Gitega

[MUZIKI UNAPANDA, KISHA UNASHUKA TARATIBU]

Kama una sufuria kwenye mbabula, usiiache iungue. Endelea kupika, maana historia ya leo iko jikoni.

Tukisema historia tunataja wafalme na vita. Mwami Mwezi Gisabo, Wajerumani, mkataba wa Kiganda mwaka 1903: hayo tuliyakariri shuleni. Lakini nani aliyempikia Mjerumani? Nani aliyeamka gizani kumwashia moto? Swali hilo lilinijia kwa sababu ya neno tunalolisema kila siku hapa kambini, boyi. Fulani amekwenda mjini kufanya kazi ya boyi. Kwa Kirundi wanasema umuboyi. Neno lenyewe ni la Kiingereza, na maana yake ni mtoto wa kiume. Mzungu aliita hivyo hata mzee mwenye mvi na wajukuu. Hata Mbelgiji, ambaye Kiingereza hakikuwa lugha yake, alilichukua neno hilo hivyo hivyo, akalitumia Kongo nzima na Ruanda-Urundi.

Turudi nyuma mpaka mwaka 1871. Uingereza inatawaliwa na malkia Victoria, aliyekaa kwenye kiti tangu 1837 hadi 1901. Huku kwetu, Ujiji, karibu na Kigoma ya leo, yuko Mskoti mmoja mgonjwa, David Livingstone. Nyumbani kwake kuna mpishi, na mpishi huyo ni mwanamke, jina lake Halima. Mumewe, Amoda, naye ni mtumishi wa Livingstone.

Mwandishi Henry Morton Stanley alipofika Ujiji kumtafuta Livingstone, aliandika pia habari za Halima. Anasema mama huyo alikuwa akichungulia kutoka jikoni, haamini kwamba barazani wameketi wazungu wawili. Yule mmoja alikuwa hali chakula, na Halima alikuwa na wasiwasi kwamba mapishi yake hayathaminiwi. Siku hiyo majirani Waarabu walileta vyakula vyao, kuku wa mchuzi, nyama ya mbuzi na wali, na mgonjwa akala mpaka mpishi akashangaa. Halima alikuwa akimtengenezea Livingstone vikate laini vya unga, kwa sababu meno yake yalikuwa yameharibika kwa kula mahindi magumu safarini. Wewe uliyewahi kumlisha mzee asiye na meno unaelewa kazi hiyo. Unaponda, unalainisha, unaonja, unapoza, na wa kukushukuru huenda asiwepo.

Mwezi huo huo wa Novemba wazungu hao wawili walipanda mtumbwi mkubwa kwenda kaskazini, watazame kama mto Rusizi unaingia ziwani au unatoka. Waliona kwamba unaingia. Ndani ya mtumbwi, pamoja na wapiga kasia, alikuwemo mpishi wa Stanley, Feraji. Pale Mugere, kusini ya Bujumbura, liko jiwe lenye tarehe ya 25 Novemba 1871, na watu huenda kupigwa picha. Jiwe lina majina ya wazungu wawili. La Feraji halimo, ingawa bila yeye wangelala njaa kando ya maji.

[MUZIKI MFUPI]

Sasa tuvuke bahari. Usidhani kwamba kule kwa malkia kila mzungu alikuwa bwana. Katika nyakati hizo Uingereza ilikuwa na watumishi wa nyumbani zaidi ya milioni moja, wengi wao wasichana maskini kutoka vijijini. Mmoja aliitwa Hannah Cullwick. Alizaliwa mwaka 1833, na tangu 1854 hadi 1873 aliandika katika daftari kazi za siku zake: kufungua madirisha, kuwasha moto wa jikoni, kukung'uta masizi, kusafisha viatu vya watu wengine, kusugua ngazi kwa magoti. Majiko yao yalikuwa ya chuma na yalikula makaa ya mawe, na kila asubuhi jivu lilizolewa na chuma kikasuguliwa mpaka king'ae. Mwaka 1861 mama mmoja, Isabella Beeton, alitoa kitabu kinene cha mapishi na uendeshaji wa nyumba, kinachoeleza kila mtumishi afanye nini na saa ngapi. Alikuwa kijana tu, na alifariki mwaka 1865 akiwa na miaka 28.

Kwa hiyo mzungu aliyekuja Afrika hakuleta Biblia na bunduki peke yake. Alikuja na picha ya nyumba kichwani mwake: bwana mbele, mpishi nyuma, kengele katikati. Ila huku alibadilisha jambo moja. Kule jiko lilijaa wanawake. Huku, wakati wa ukoloni, mpishi na boyi mara nyingi walikuwa wanaume. Fikiria kijana wa milimani, wa ukoo ambao mwanaume hagusi chungu, anafundishwa kukaanga mayai na kupiga pasi magauni! Akirudi nyumbani, pengine hapiki hata siku moja.

Hapa Burundi Wajerumani waliweka boma la kijeshi Usumbura, ndiyo Bujumbura ya leo, mwaka 1897. Mwaka 1912 wakahamishia makao ya utawala Gitega, kwenye baridi na katikati ya nchi. Wabelgiji wakaitwaa Gitega mwezi Juni 1916. Kila nyumba ya ofisa ilihitaji maji, kuni, mkate na nguo safi, na maji hayakuja kwa bomba. Yalikuja kichwani. Ukitembelea jumba la makumbusho la Gitega, lililoanzishwa mwaka 1955, uliza wakuonyeshe vyungu na vikapu. Watu wengi hukimbilia ngoma. Mimi naona chungu kinasema zaidi, maana ngoma ilipigwa siku maalumu, na chungu kilikaa juu ya mafiga kila siku. Vyungu vingi vya nchi hii vilifinyangwa na Watwa, watu ambao wengine walikataa kula nao sahani moja.

Na Kiswahili chetu kimepita mlango huo pia. Kilikuja na wafanyabiashara, askari, na watumishi wa nyumba. Mzungu wengi alikijua kwa upande mmoja tu: lete, weka, fagia, haraka. Lugha nzima ya mashairi na hukumu, yeye alibaki na maneno ya kuamrisha. Huku Muyinga, ambako mpaka wa Kobero uko karibu na watu wengi wanasema Kiswahili, tunacho chote.

Nimrudie Halima, kwa sababu kuna jambo sijalisema. Alikuwa mtumwa. Mwaka 1872, huko Unyanyembe karibu na Tabora, aligombana na mwanamke mwenzake, Ntaoeka, akaondoka kwa hasira. Baadaye akarudi mwenyewe, akasimama nje, akitaka tu Livingstone atoke amwambie aingie. Livingstone akatoka. Kisha akaandika katika daftari lake kwamba Halima hajawahi kumwibia, wala hakumruhusu mumewe aibe, na kwamba wakifika Zanzibar atamwacha huru na kumnunulia nyumba na bustani.

Livingstone alifariki tarehe 1 Mei 1873 kijijini kwa Chitambo, katika Zambia ya leo. Hakufika Zanzibar. Watu wake waliubeba mwili mpaka Bagamoyo, wakafika Februari 1874, na Halima alikuwa pamoja nao katika safari hiyo yote. Mwili ukapelekwa London, ukazikwa Westminster Abbey mwezi Aprili. Ahadi ya nyumba na bustani ilikuwa ndani ya daftari la bwana, na bwana hayupo.

[MUZIKI MFUPI]

Naijua ahadi ya namna hiyo, na wewe unaijua. Dada mmoja wa kambini kwetu alifanya kazi ya yaya mjini miezi minane. Kila mwisho wa mwezi mama mwenye nyumba alimwambia, "Mshahara wako nakuwekea, utaupata wote pamoja." Karatasi yake ya ukimbizi nayo iliwekwa kabatini, eti isipotee. Siku aliyoomba pesa zake, aliambiwa alikuwa amekula chakula cha watu miezi minane. Alirudi na kitenge alichoondoka nacho.

Wewe dada, na wewe kaka, unayefikiri kwenda Gitega au Bujumbura kutafuta kazi ya nyumbani, sikiliza. Mwezi Juni 2011, mjini Geneva, Shirika la Kazi Duniani lilipitisha Mkataba namba 189 kuhusu wafanyakazi wa nyumbani. Si kila nchi imeuridhia, lakini unakuonyesha cha kuomba. Unasema mfanyakazi aelezwe masharti ya kazi waziwazi, alipwe walau mara moja kwa mwezi, apumzike walau saa 24 mfululizo kila wiki, na abaki na karatasi zake za kitambulisho mwenyewe.

Kabla hujapanda gari, taja kiasi cha mshahara mbele ya mtu wa tatu, na kiandikwe. Mwachie mzazi au jirani jina la mtaa na namba ya simu ya nyumba unayokwenda. Na karatasi yako ikae mfukoni mwako, si kabatini kwa mtu.

[MUZIKI WA KUFUNGA]