Neno la leo: Firigisi

Pasua firigisi ya kuku wa kienyeji: ndani utakuta mchanga na changarawe. Usidhani ni uchafu. Hayo ndiyo meno yake. Punje za mahindi hulainika kwanza katika mfuko wa shingoni, hupata tindikali katika tumbo la mbele, kisha husagwa na misuli minene ya firigisi. Ile ngozi ngumu ya manjano tunayoibandua jikoni huikinga misuli hiyo isichubuke.

Tusilifungie neno hili ndani ya sufuria. Nyungunyungu naye ana firigisi, husagia majani na udongo. Mende anayo pia, yenye meno magumu. Neno zuri tunalo. Walimu wa baiolojia, litumieni darasani.