Profesa Amandina Lihamba: Msanii wa Jukwaa na Filamu Aliyewapa Wanavijiji Nafasi ya Kusema

Profesa Amandina Lihamba ni mwigizaji, mwandishi wa tamthilia, mwongozaji na mwanazuoni wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Anatambulika kwa majaribio ya kisanaa yaliyoitoa sanaa ya maonyesho kwenye kumbi za mijini na kuipeleka vijijini, hususan katika ukanda wa Usukuma.

Alizaliwa mwaka 1944 mkoani Morogoro. Mwaka 1985 alitunukiwa shahada ya uzamivu na Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza, kwa utafiti kuhusu siasa na sanaa za maonyesho nchini baada ya Azimio la Arusha. Miongoni mwa maandishi yake ni Hawala ya Fedha (1980), iliyotokana na kazi ya Ousmane Sembène wa Senegal; Harakati za Ukombozi (1982), aliyoiandika pamoja na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya; na Mkutano wa Pili wa Ndege (1992).

Jaribio la Malya

Kati ya mwaka 1982 na 1983, Lihamba, Penina Muhando (Mlama) na Eberhard Chambulikazi walifanya kazi katika kijiji cha Malya, wilayani Kwimba, Mkoa wa Mwanza. Hawakwenda na tamthilia iliyokwisha kuandikwa. Waliishi na wanakijiji, wakasikiliza matatizo yao, kisha wanakijiji wenyewe wakatunga na kuigiza. Suala lililojitokeza kwa uzito mkubwa lilikuwa mimba za wasichana wadogo na kukatizwa kwa masomo yao.

Usukumani, ngoma si burudani pekee. Mashindano ya Bagika na Bagalu yamekuwa kwa vizazi vingi uwanja wa kushindana kwa hoja, sifa na kejeli. Kwa kuitumia ngoma na uigizaji kwa pamoja, jambo ambalo mzazi asingelitamka mbele ya majirani liliweza kuimbwa na kuchezwa hadharani, kisha likajadiliwa na watu wote. Mjadala baada ya onyesho ulihesabiwa kuwa sehemu ya kazi yenyewe, kwa kuwa ndipo jamii ilipoamua hatua za kuchukua.

Tuseme na filamu

Mwaka 1996, Lihamba na Mlama walianzisha mradi wa Tuseme katika shule za sekondari, ambamo wasichana hubainisha vikwazo vya elimu yao na kuvieleza kwa maonyesho mbele ya walimu na wazazi. Baadaye mradi huo ulienezwa na shirika la FAWE katika nchi kadhaa za Afrika.

Katika filamu, Lihamba aliigiza kama Samehe katika Maangamizi (2001), iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill. Samehe ni mgonjwa aliyenyamaza kwa miaka mingi hospitalini, na mwigizaji hulazimika kubeba historia yake kwa uso na mwili zaidi ya maneno. Filamu hiyo huru, inayochanganya hali halisi na ulimwengu wa mizimu, ilikuwa ya kwanza kuwakilisha Tanzania katika kinyang'anyiro cha tuzo za Oscar kwa filamu za lugha za kigeni.

Umuhimu wake kwa Shinyanga

Suala lililoibuliwa Malya bado linaihusu jamii ya Nyasubi mjini Kahama na maeneo jirani ya migodi ya dhahabu. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2010 uliutaja Mkoa wa Shinyanga kuwa kinara wa ndoa za utotoni, kwa asilimia 59. Tangu mwaka 2016, Sheria ya Elimu inatoa adhabu ya kifungo cha miaka 30 kwa anayempa mimba au kumwoa mwanafunzi. Aidha, mwezi Novemba 2021 Serikali iliruhusu wanafunzi waliokatiza masomo, wakiwemo waliojifungua, kurejea shuleni.

Sheria hizo hufanya kazi pale wananchi wanapokuwa tayari kusema. Shule, vikundi vya ngoma na viongozi wa mitaa wanaweza kufuata utaratibu uleule wa Malya: kusikiliza kwanza, kutunga pamoja, kuonyesha hadharani na kujadiliana hadi kufikia uamuzi. Taarifa za ukatili dhidi ya mtoto hutolewa bila malipo kwa kupiga simu namba 116.