Kiswahili na Filamu za Majaribio: Safari ya Eliane Umuhire Ikitazamwa kutoka Rusizi

Historia ya Kiswahili katika filamu ilianza kwa mafunzo. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa Bantu Educational Kinema Experiment, uliokuwa na makao yake Vugiri, Tanganyika, ulitengeneza filamu za kilimo na afya. Mradi huo uliongozwa na dhana kwamba mtazamaji Mwafrika hawezi kufuata simulizi changamano. Makala hii inadai kuwa dhana hiyo ingali hai katika sera zetu, na kwamba kazi ya mwigizaji Mnyarwanda, Eliane Umuhire, inaikanusha.

Mwaka 2017 Umuhire aliigiza katika filamu ya Kipolandi, Birds Are Singing in Kigali, ya Joanna Kos-Krauze na marehemu Krzysztof Krauze. Akiwa Claudine, manusura wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, alibeba simulizi iliyovunjwa vipandevipande, ambamo ukatili huachwa nje ya picha na uso wa mwigizaji ndio unaosema. Yeye na Jowita Budnik walituzwa pamoja kuwa waigizaji bora wa kike katika tamasha la Karlovy Vary. Mwaka huohuo, Bunge la Rwanda liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi.

Lugha hiyo ilimkuta katika kazi zilizofuata. Neptune Frost (2021), ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, ni filamu ya muziki na bunilizi ya kisayansi iliyopigwa Rwanda, ikisimulia mchimbaji wa koltani na wadukuzi wanaojenga kijiji kwa mabaki ya kompyuta. Umuhire ni Memory. Kinyarwanda, Kirundi, Kiswahili, Kifaransa na Kiingereza hupokezana bila mhusika kueleza sababu. Aidha, katika Augure (2023) ya Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, yeye ni Tshala, na Kiswahili kinasikika sambamba na Kifaransa na Kilingala.

Kwa mkazi wa Rusizi, mpokezano huo si jambo geni. Wilaya hii inatazamana na Bukavu, na huko Bugarama inakaribiana na Burundi na Kongo kwa pamoja. Kubadili lugha katikati ya mazungumzo ni maisha ya kila siku. Kinachoitwa majaribio katika matamasha ya Ulaya ni, kwa upande wa lugha, uhalisia wa mpakani.

Hata hivyo, mipango ya kukuza Kiswahili nchini Rwanda bado hukitazama zaidi kama nyenzo ya biashara na utangamano wa kikanda. Mtazamo huo una faida, lakini unakiacha Kiswahili kikiwa lugha ya kupokea ujumbe, kama ilivyokuwa Vugiri. Tunapendekeza filamu hizi zioneshwe katika miji ya mpakani, zifundishwe vyuoni na zihifadhiwe kama data ya lugha. Mtazamaji aliyedhaniwa hawezi kufuata simulizi changamano anaishi ndani yake.