Tufani ya Mwaka 1872

Ndugu msomaji, bila shaka umepata kuwasikia wazee wetu wa Pwani wakisema kwamba tufani ni balaa ya Bukini na Morisi, na kwamba kwetu haifiki. Maneno hayo yana asili ya kweli. Karibu na Ikweta kimbunga huzaliwa kwa shida, kwa kuwa huko mzunguko wa dunia hautoshi kuupinda upepo. Lakini kutofika mara nyingi si kutofika kamwe.

Tarehe 15 Aprili 1872, katika zama za Seyyid Barghash, tufani iliishukia Unguja. Majahazi yalivunjika bandarini, na merikebu za Sultani zikaangamia pamoja nayo. Mashambani ndiko ulikokuwa msiba wenyewe: kiasi cha theluthi mbili ya mikarafuu na minazi iliangushwa. Pemba ilisalimika kwa sehemu kubwa, na tangu hapo ikaipita Unguja kwa karafuu. Mkarafuu nao hungojewa miaka 6 au zaidi hata uzae. Wala tusifiche: mikono iliyopanda upya ilikuwa ya watumwa, ambao hawakuwa na mkarafuu hata mmoja wa kupoteza.

Yote hutokea kwa amri ya Mola. Lakini Yeye ameweka sababu, na sababu zataka kusomwa. Sababu kubwa ya tufani ni joto la bahari. Maji ya juu yafikapo digrii 26 na nusu hivi, mvuke hupanda kwa wingi, na ugeukapo mawingu huachia joto lake. Joto hilo ndilo chakula cha upepo. Basi tangu siku za Barghash moshi wa makaa ya mawe na mafuta umeipasha dunia kwa zaidi ya digrii 1, na joto hilo, kiasi cha sehemu 9 katika 10, limemezwa na bahari. Tena kila hewa inapozidi joto kwa digrii 1, yaweza kubeba mvuke zaidi kwa asilimia 7 hivi. Ndiyo maana mvua za tufani zazidi. Wataalamu hawasemi kwamba idadi ya tufani ni lazima iongezeke. Wasemalo ni kwamba miongoni mwake zilizo kali zitazidi, na kwamba bahari, kwa kuwa imepanda, itaingia mbali zaidi nchi kavu.

Machi 2019 Idai iliivunja Beira. Wiki 6 baadaye Kenneth ikapita Ngazija na kuipiga Cabo Delgado. Mei 2024 kimbunga kilichoitwa Hidaya (jina zuri mno kwa jambo kama lile) kilifika Mafia. Kilipogusa nchi kavu kilikuwa kimekwisha kudhoofika, nasi tukashukuru. Lakini mikoko iliyokuwa ikiyavunja mawimbi mbele ya nyumba zetu, mahali pengi tumeikata wenyewe kwa boriti na kuni.