Muuza nguo aliyeuza fujo

Namba 430, King's Road, London, palikuwa na duka la nguo lililobadilishwa jina kila wenyewe walipolichoka. Mwaka 1971 liliitwa Let It Rock. Kufikia 1974 likawa SEX. Wenyewe walikuwa Malcolm McLaren na mwenzake Vivienne Westwood. Glen Matlock aliuza hapo siku za Jumamosi. Steve Jones na Paul Cook walikuja kushinda tu, na Jones alikuwa na mkono mwepesi. Bendi ya Sex Pistols ilizaliwa hapo kaunta.

Agosti 1975 akaonekana John Lydon, nywele za kijani, kavaa fulana ya Pink Floyd ambayo juu yake aliandika kwamba anawachukia. Usaili ulifanyika humo humo dukani: akasimamishwa mbele ya mashine ya santuri, ukawekwa wimbo wa Alice Cooper, akaambiwa aufuatishe. Akajipinda na kujinyonganyonga mpaka wenzake wakaangua kicheko. Kazi ya uimbaji akapata.

Meneja wa kawaida hutafuta kumbi na kuhakikisha mpiga ngoma amefika. McLaren, meneja wa bendi hii, hayo hayakumkaa sana moyoni. Yeye alijua kuuza, na alichouza ni fujo.

Oktoba 1976 kampuni ya santuri ya EMI iliwapa malipo ya awali ya pauni 40,000. Desemba mosi bendi ya Queen ikashindwa kufika kwenye kipindi cha jioni cha Thames Television, Sex Pistols wakapelekwa badala yake. Mtangazaji Bill Grundy akawatia ndimu, Jones akamporomoshea matusi hewani, moja kwa moja, saa ya watu kunywa chai. Baadaye McLaren alijigamba kwamba yote yalikuwa mpango wake. Vijana wenyewe wamesimulia kuwa usiku ule meneja alikuwa anatetemeka. Mimi nawaamini vijana. Ufundi wake ulikuwa kuokota ajali na kuibandika bei.

Na bei ilipanda kweli. Ziara ikavunjika, miji mingi ikiwafungia kumbi, na Januari EMI ikawaacha. Machi 10, 1977, ikawekwa meza barabarani nje ya Kasri la Buckingham, wakatia saini na kampuni nyingine, A&M mbele ya wapiga picha. Siku sita baadaye A&M nayo ikawatema, ikawalipa jumla ya pauni 75,000, na kuteketeza karibu santuri zote ilizokwisha kuchapa. Chache zilizonusurika leo hununuliwa kwa maelfu ya pauni.

Fedha hizo zilipita mikononi mwa kampuni ya McLaren, Glitterbest. Meneja kashika mpini, wanamuziki makali. Januari 1978, jukwaani San Francisco, Lydon aliwauliza watazamaji kama wamewahi kuhisi wametapeliwa, kisha akaondoka zake. Mwaka huohuo alikwenda mahakamani kumshtaki McLaren.

Kesi ikaburuzwa miaka. Katikati yake McLaren alisafiri Afrika Kusini kurekodi sehemu ya albamu yake mwenyewe, Duck Rock ya 1983, na kundi la huko la Boyoyo Boys nalo likamshtaki kwa kuchukua wimbo wao. Hilo lilimalizwa nje ya mahakama.

La Lydon lilikwisha Januari 1986. Haki za nyimbo, pamoja na filamu ambayo McLaren alijitapa humo kuwa bendi nzima ilikuwa utapeli wake, zilikwenda kwa Lydon, Jones, Cook na mama mzazi wa Sid Vicious, mpiga besi wa bendi aliyefariki 1979.