Theodorakis: Walimfunga mtunzi, muziki wake ukapenya

JULAI 29, 2025 ilitimia miaka 100 tangu azaliwe Mikis Theodorakis, mtunzi wa Ugiriki. Wengi wanamjua kwa wimbo mmoja tu, ule wa filamu ya Zorba the Greek ya mwaka 1964, unaoanza taratibu kisha ukakolea.

Alizaliwa kisiwani Chios, akasomea muziki Athens na Paris. Wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe aliteswa katika kambi ya Makronisos.

Aprili 21, 1967 makanali wa jeshi walipindua serikali. Juni 1, mkuu wa jeshi, Odysseas Angelis, alitoa amri namba 13: marufuku nchi nzima kupiga au kusikiliza muziki wa Theodorakis. Atakayekaidi, mahakama ya kijeshi. Kuweka santuri yake sebuleni na kuisikiliza kukawa kosa. Mwenyewe alikamatwa, na mwaka 1968 akapelekwa pamoja na mkewe Myrto na watoto wao wawili kijiji cha Zatouna, milimani Arcadia, wakaishi chini ya ulinzi.

Wakati huo Costa-Gavras, Mgiriki aliyekuwa Ufaransa, alikuwa akitengeneza filamu ya Z, kuhusu mauaji ya mbunge Grigoris Lambrakis, aliyeshambuliwa Thessaloniki Mei 1963. Alimtaka Theodorakis na si mwingine. Lakini mtunzi angefikaje studio? Costa-Gavras amesimulia kwamba alipata ruhusa ya kuchukua alichotaka katika kazi zilizokwisha kutungwa. Bernard Gérard akazipanga upya zikakaa kwenye filamu. Watawala wa Athens wakaipiga marufuku, nayo ikazunguka dunia. Kwa kuwa iliwasilishwa na Algeria, ilikorekodiwa, nchi hiyo ndiyo iliyotwaa Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni mwaka 1970, ya kwanza kwa nchi ya Afrika.

Mwaka huohuo shinikizo la kimataifa lilimtoa Theodorakis kifungoni, akaenda Paris. Alitunga muziki wa Serpico (1973), akarejea nyumbani utawala ule ulipoanguka 1974. Baadaye alikuwa mbunge na waziri. Alifariki Septemba 2, 2021.

Inauma kuona mtu huyu akibaki burudani ya migahawa ya watalii. Kumuenzi kwa ngoma ya Zorba peke yake ni kumpunja. Televisheni zetu zionyeshe Z, maana Afrika ina sehemu yake katika ushindi ule.