«Hapa hakuna mtu»: historia ya wale wanaoshuka kupima shamba



Tangu mashua za HCR zilianza kuturudisha kutoka Kigoma hadi Baraka mwaka 2005, kesi za mashamba hazijatuacha. Wengi wenu mumesha kusikia mwamuzi akisema: «Tribinali itashuka shambani.» Siku ile anakuja yeye mwenyewe na karani wake, ao anatuma mtaalamu wa kadasta na vyombo vyake vya kupimia. Tunafikiri ni kazi ya mita tu. Lakini katika inchi yetu, swali la kwanza la wale waliotumwa kuangalia ardhi halikuwa «shamba ni kubwa namna gani?» Lilikuwa «kuna mtu hapa?»

Tarehe 1 Julai 1885, Leta ya Léopold II ilitoa amri: ardhi isiyo na mtu ni mali ya Leta. Na nani aliamua kwamba haina mtu? Ni yule aliyepita pale siku ile. Wazee wetu walilima sehemu moja, kisha wakaiacha ipumzike miaka kadhaa. Majani yanaota. Mgeni akipita anaona pori. Mwenyewe anaona shamba lake la kesho.

Amri ya 3 Juni 1906 ilikubali kwamba wenyeji wako na haki pale wanapokaa, wanapolima na wanapotumia. Iliruhusu hata kuwapa eneo mara tatu ya lile wanalokalia na kulima. Lakini hiyo pia ilidai mtu aende, apime, aandike. Kilichobaki inje ya mstari kiliweza kupewa kampuni ao mzungu mwenye kutaka kulima. Kisha ikaja amri ya 31 Mei 1934: mbele ya kutoa ardhi, uchunguzi ufanywe kwanza, ionekane kama kweli haina mtu. Ilikuwa hatua, juu wenyeji waliweza kusikilizwa. Lakini swali lilibaki lile lile.

Sheria ya 20 Julai 1973 ilisema udongo wote ni mali ya Leta, sisi tunapewa haki ya kuutumia. Haki za desturi zilipaswa kupangwa na ordonansi ya raisi. Miaka mingi ilipita bila kuiona. Ila kifungu cha 194 cha sheria hiyo ni kizuri kukijua. Kinadai uchunguzi wa mbele ya kutoa ardhi uhakikishe kama haina mtu, uulize watu wa pale mipaka inayojulikana, uhesabu wanaokaa ao wanaofanya kazi pale, uandike misitu, mito na njia, na usikilize malalamiko ya mdomo na ya barua.

Sasa fikiria uchunguzi wa namna hiyo umefanywa mwaka 1998, wakati sisi tulikuwa Lugufu na Nyarugusu. Nani angehesabiwa? Nani angelalamika? Kukimbia vita si kuacha shamba. Lakini kwenye karatasi, mtu asiyekuwepo na mtu asiye na haki wanafanana. Na cheti cha kuandikisha ardhi kikipitisha miaka miwili, kukivunja ni kazi ngumu sana.

Ndiyo maana siku ya tribinali kushuka ina uzito. Sheria ya kesi za kiraia ya 7 Machi 1960 inaruhusu mwamuzi kwenda kuona mwenyewe, ao kuteua mtaalamu anayekula kiapo na kuleta ripoti. Mwamuzi halazimishwi kufuata ile ripoti. Anaweza kuipima pamoja na ushahidi mwingine, kama ushahidi huo uko.

Nilisindikiza mama mmoja mjane katika kesi kama hiyo. Alipata habari kwa kuchelewa, akafika wanafunga kamba. Mita zilikuwa sawa kabisa, lakini upande mmoja tu ndio ulikuwa umeonyesha mipaka. Mama akauliza: «Na michikichi ya baba mkwe wangu, mumeiandika?» Haikuandikwa. Avoka wake aliomba washuke tena. Mara ya pili jirani mzee alionyesha michikichi, na kaburi la yule aliyeipanda. Kesi haijaisha, lakini sasa vyote viko ndani ya PV.

Basi, ndugu, ukiambiwa watashuka:

Omba tarehe kwa maandishi. Fika mbele yao, pamoja na majirani wa pande zote na mzee anayejua mipaka. Onyesha miti, makaburi na msingi wa nyumba ya zamani, na uombe viandikwe. PV isomwe kwa Kiswahili mbele ya kutia sahihi. Kama hukubali kitu, hilo pia liandikwe. Ukidaiwa malipo, omba risiti.

Na tusisahau jambo moja: yule tunayemkuta shambani si mwizi kila mara. Wengine nao walikimbia vita, wengine walinunua kwa nia nzuri. Yeye pia ana haki ya kusikilizwa siku ile. Tukidai aitwe na asikilizwe, hatupotezi kitu. Sisi tunajua vizuri namna inauma kuandikwa kama mtu asiyekuwepo.